Winga Peku wa Celtic

Vijana wetu hapa Kombani hudhani asiye na njumu hana kandanda. Mimi huwatajia marehemu Mohammed Salim, Mwislamu wa Calcutta, Bara Hindi, aliyezaliwa mwaka 1904 na kufariki 1980.

Salim alikuwa winga wa Mohammedan Sporting, timu ya Waislamu. Mwaka 1934 timu hiyo ilikuwa ya kwanza ya wenyeji kutwaa ligi ya Calcutta, iliyozoea kwenda kwa timu za Waingereza. Mtawaliwa kumfunga mtawala mbele ya watu, si jambo dogo hilo!

Mwaka 1936 jamaa yake aliyekuwa Uskoti alimpeleka Glasgow kwa meli, akamwombea majaribio kwa Willie Maley, meneja wa Celtic. Akamweleza kuwa huyu hucheza peku. Maley akakubali kumtazama.

Basi Salim akafungwa bendeji miguuni, akaingia kati ya watu wenye njumu. Ilikuwa timu ya akiba, nakubali, na mechi zenyewe mbili tu. Lakini Galston walipigwa 7-1, na magazeti yakamsifu Salim kama mfanya mazingaombwe.

Celtic walitaka abaki. Yeye akashikwa na hamu ya kwao, akarejea Calcutta. Wako wasemao aliipiga teke bahati. Siafikiani nao: timu aliyoirudia ilikuwa bingwa, ikatwaa ligi tena 1937 na 1938.