John Kitzmiller: Mhandisi aliyegeuka mwigizaji nchini Italia

MWAKA wa 1957, waamuzi wa tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, walimtuza John Kitzmiller kuwa mwigizaji bora wa kiume. Alikuwa mtu mweusi wa kwanza kupata heshima hiyo, ilhali kwa sehemu kubwa ya maisha yake ya usanii aliigiza wahusika wadogo katika filamu za Italia.

Kitzmiller alizaliwa 1913 mjini Battle Creek, jimbo la Michigan, Marekani, na akasomea uhandisi wa kemia. Vita Vikuu vya Pili vya Dunia vilimfikisha Italia akiwa katika jeshi la Marekani, ambalo enzi hizo liliwatenga wanajeshi weusi na wenzao weupe. Vita vilipokwisha, aliamua kubaki huko.

Wakati huo waelekezi wa Italia walikuwa wakirekodi filamu vijijini na barabarani, na hawakusita kuwatumia watu wasio na mafunzo ya uigizaji. Luigi Zampa alimshirikisha katika Vivere in pace (1947) kama mwanajeshi anayefichwa na mkulima wa mlimani. Mwaka uliofuata, Alberto Lattuada alimpa nafasi kuu katika Senza pietà, kisa cha askari mweusi na msichana Mwitaliano ambao mapenzi yao yanaishia mautini.

Majukumu hayo yalimpa riziki, lakini pia yalimfunga. Mara kwa mara alitakiwa kuwa Mmarekani mweusi aliyevaa sare za kijeshi. Hata tuzo ya Cannes aliipata kwa filamu ya Yugoslavia, Dolina miru, akiigiza mwanajeshi wa angani anayewalinda mayatima wawili.

Ushindi huo haukumfungulia milango. Alirejea kwenye nafasi ndogo, na mnamo 1962 akaigiza katika Dr. No kama Quarrel, mvuvi anayemsaidia James Bond kabla ya kuteketezwa kwa moto.

Aliaga dunia jijini Roma mnamo Februari 1965 akiwa na umri wa miaka 51. Mojawapo ya kazi zake za mwisho ilikuwa kumwigiza Mjomba Tom, mtumwa mzee.

Ilichukua miaka 31 kwa mtu mweusi mwingine kutwaa tuzo aliyoshinda Kitzmiller. Huyo alikuwa Forest Whitaker, mnamo 1988, ambaye Afrika Mashariki inamfahamu zaidi kwa kumwigiza Idi Amin.