Okot p'Bitek na Mipaka ya Matusi

Okot p'Bitek alizaliwa Gulu, kaskazini mwa Uganda, mwaka 1931. Baba yake alikuwa mwalimu, ilhali mama yake alikuwa mtunzi na mwimbaji wa nyimbo za Kiacholi. Hivyo alikulia kati ya malezi mawili yaliyokinzana: Ukristo wa kimisheni, ulioziona ngoma za Waacholi kuwa uchafu, na uwanja wa ngoma zenyewe, ambapo mwili hutajwa bila haya.

Mwaka 1956 alizuru Uingereza na timu ya kandanda ya Uganda, akabaki huko kusomea ualimu, sheria na hatimaye anthropolojia. Mwaka 1966 alichapisha Song of Lawino, utungo ambao Paul Sozigwa aliutafsiri kwa Kiswahili kama Wimbo wa Lawino. Humo mke asiyesoma anamkejeli mumewe msomi na kuyataja waziwazi mambo ambayo waliojiita wastaarabu walitaka yasitajwe. Katika Song of Malaya (1971) Okot alikwenda mbali zaidi. Alimpa kahaba nafasi ya kusema, naye kahaba akawaumbua wateja wake, ambao wengi wanatoka katika tabaka zile zile zinazomlaani.

Hata hivyo, si maneno hayo yaliyomponza. Okot alikuwa mkurugenzi wa Jumba la Taifa la Maonyesho mjini Kampala, na alifutwa kazi baada ya kuwakosoa wanasiasa wa Uganda alipokuwa ziarani Zambia. Alikimbilia Kenya, akaanzisha tamasha la sanaa Kisumu mwaka 1968, kisha akafundisha katika Chuo Kikuu cha Nairobi. Kutaja mwili kulivumilika. Kumgusa mtawala hakukusamehewa.

Alirejea Makerere na kufariki mwaka 1982. Katika insha za Artist, the Ruler, zilizotoka mwaka 1986, anadai kwamba msanii ndiye mtawala halisi, kwa kuwa ndiye anayeunda fikra zinazoiongoza jamii. Dai hilo halijachakaa. Nchini Kenya filamu hukaguliwa kabla ya kuonyeshwa hadharani, na kijana wa Runyenjes anayetengeneza filamu fupi ya majaribio hana budi kujiuliza swali ambalo maisha ya Okot yaliliibua: je, kinachoogopwa ni uchafu wa neno, au ni ukweli ambao neno hilo limeubeba?