Mtakatifu Inyasi wa Loyola: Mtu Mzima Katika Darasa la Watoto

Mara nyingi mtu mzima anapoanza mafundisho ya dini, kinachomlemea si ugumu wa katekismo, bali ni haya. Huona watoto wadogo wakizishika herufi upesi, naye hata silabi moja humponyoka. Hukumbuka methali isemayo samaki mkunje angali mbichi, akajiambia kwamba siku zake za kujifunza zimekwisha pita. Basi hurudi nyumbani kwake, na benchi lake hubaki wazi. Habari za Mtakatifu Inyasi wa Loyola zawafaa sana watu wa namna hiyo. Yeye alianza shule akiwa na umri wa miaka 33, wala hakuacha kujifunza hata alipokuwa mkuu wa watu wengi.

Inyasi alizaliwa mwaka 1491 katika nyumba ya Loyola, katika nchi ya Wabaski, kaskazini ya Hispania. Ukoo wake ulikuwa ukoo wa heshima. Alipokuwa kijana alipelekwa kulelewa katika nyumba ya mkuu mmoja aliyetunza hazina ya mfalme. Huko alijifunza kusoma na kuandika lugha ya Kihispania, na mwandiko wake ulikuwa mzuri. Alijifunza pia kutumia upanga na kukaa kwa adabu mbele ya wakubwa. Lakini Kilatini, ambacho siku zile ndicho kilichokuwa lugha ya shule kubwa na ya vitabu vya elimu, hakukijua. Wala hakuona kwamba amepungukiwa na kitu, maana moyo wake ulitamani sifa za vita tu.

Tarehe 20 Mei 1521 Wafaransa waliishambulia ngome ya Pamplona, na Inyasi alikuwa miongoni mwa wailinzi. Risasi ya mzinga ilimvunja mguu wa kulia na kumjeruhi ule wa kushoto. Akachukuliwa mpaka kwao akiwa mahututi. Mfupa uliungwa vibaya, ikabidi uvunjwe tena. Na ulipopona, kipande chake kilitokeza chini ya goti. Inyasi akawaamuru waganga wakikate kwa msumeno, kwa kuwa alitaka kuvaa tena viatu virefu vya kifahari. Alivumilia maumivu hayo yote akikunja ngumi tu. Ushujaa alikuwa nao, lakini ulikuwa ushujaa wa majivuno.

Katika miezi ile ya kulala kitandani aliomba apewe vitabu vya hadithi za mashujaa wa vita. Nyumbani havikuwamo. Wakampa kitabu cha maisha ya Bwana wetu Yezu Kristu, na kingine cha habari za watakatifu. Alivisoma kwanza ili kupitisha siku, kisha akavisoma kwa mapendo. Akachukua daftari, akaanza kunakili yaliyomgusa: maneno ya Yezu kwa wino mwekundu, na maneno ya Bikira Maria kwa wino wa buluu. Akajaza karibu kurasa 300. Hivyo mwanafunzi huyu alianza kazi yake akiwa na miaka 30, mgonjwa, bila mwalimu.

Alipopona, aliiacha nyumba yake. Mwezi wa Machi 1522 aliutundika upanga wake katika kanisa la Bikira Maria huko Montserrat, nguo zake nzuri akampa maskini. Akakaa miezi mingi huko Manresa katika sala na mafungo. Na baadaye alisimulia kwamba siku zile Mungu alimfundisha kama vile mwalimu anavyomfundisha mtoto wa shule. Mwaka 1523 alihiji Yerusalemu. Alitaka kubaki huko maisha yake yote, lakini mkuu wa watawa Wafransisko waliotunza mahali patakatifu hakumruhusu, kwa sababu hatari zilikuwa nyingi.

Katika safari ya kurudi, Inyasi alijiuliza afanye nini sasa. Moyo wake uliwaka, lakini elimu hakuwa nayo. Akatambua kwamba anayetaka kuwasaidia wengine wamjue Mungu, yampasa kwanza akijue vema kile anachokisema. Basi mwaka 1524 alifika katika mji wa Barcelona kutafuta shule.

Mama mmoja mwema, jina lake Isabel Roser, aliahidi kumpatia riziki, na mwalimu Ardévol akakubali kumfundisha bila malipo. Ndipo yule aliyekuwa askari wa mfalme, mwenye ndevu na mguu wa kuchechemea, akaanza sarufi ya Kilatini pamoja na wavulana wadogo. Wao walikuwa na kumbukumbu nyepesi, yeye alikuwa na kichwa kizito. Kilichosomwa leo kilimtoka kesho.

Tena kulikuwa na shida nyingine, iliyokuwa ya hila zaidi. Kila alipofungua kitabu ili akariri vitenzi, mawazo matamu ya mambo ya Mungu yalimjia na kuujaza moyo wake, hata masomo yakasahauliwa. Mtu mwingine angefurahi, akafunga kitabu, akaenda kanisani. Lakini Inyasi aliyapima mawazo yale. Akaona kwamba yalipokuwa saa ya sala au saa ya Misa, hayakuja kwa nguvu namna ile; yalikuja saa ya masomo tu. Akafahamu kwamba hicho ni kishawishi kilichovaa nguo ya ibada. Akamwomba mwalimu wake waende pamoja katika kanisa la Bikira Maria wa Bahari, wakaketi, akamweleza yote. Akamwahidi kwamba kwa miaka miwili hatakosa kumsikiliza, maadamu apata mkate na maji ya kumtosha. Baada ya ahadi ile kishawishi kile kilimwacha.

Baada ya miaka miwili mwalimu alimwambia kwamba sasa aweza kwenda katika chuo kikuu. Inyasi akaenda Alcalá mwaka 1526. Huko alifanya kosa la watu wengi wenye bidii, yaani alitaka kufika upesi. Alisikiliza masomo ya mantiki, ya maumbile na ya teolojia, yote pamoja, na huku akiwafundisha watu dini barabarani na majumbani. Mwishowe hakushika vizuri hata somo moja. Wakubwa wa mahali pale walimshuku, wakamfunga siku 42. Alipohamia Salamanca akafungwa tena siku 22. Waamuzi hawakuona uovu katika maneno yake. Lakini huko Salamanca walimkataza kueleza tofauti ya dhambi ya mauti na dhambi nyepesi mpaka awe amesoma miaka minne zaidi.

Inyasi angeweza kukasirika. Angeweza pia kusema kwamba amejaribu vya kutosha, na umri unakwenda. Hakufanya hivyo. Akaondoka Salamanca kwa miguu, akitanguliza punda mdogo aliyebeba vitabu vyake, akafika Barcelona. Kutoka huko akaenda peke yake mpaka Paris, katika majira ya baridi kali, akaingia mji huo mwezi wa Februari 1528.

Paris ilikuwa na chuo kikuu chenye sifa kuliko vyote. Inyasi alijichunguza, akaona kwamba msingi wake ni mbovu, kwa kuwa alijenga kwa haraka. Akaamua kubomoa na kuanza upya. Akiwa na miaka 37, baada ya miaka minne ya masomo, alirudi chini kabisa katika shule ya Montaigu, akasoma tena sarufi ya Kilatini pamoja na watoto. Hapo ndipo ilipoonekana kwamba ushujaa wake wa zamani umegeuka. Mtu aliyekatwa mfupa ili apendeze machoni pa watu, sasa hakujali watu wakimwona mwisho wa darasa.

Umaskini nao ulimwandama. Alimpa mwenzake mmoja fedha zake azitunze, naye akazitumia zote. Inyasi akalazimika kulala katika nyumba ya maskini mbali na shule. Mlango wa nyumba ile ulifunguliwa alfajiri na kufungwa kabla ya giza, kwa hiyo alikosa masomo mengi. Akatafuta kazi ya utumishi, asipate. Mwishowe mtawa mmoja alimshauri aende kila mwaka katika nchi ya Flanders, ambayo sehemu yake kubwa leo ni Ubelgiji, akaombe msaada kwa wafanyabiashara wa Hispania. Hivyo majuma machache ya kuomba yalimpatia riziki ya mwaka mzima wa masomo. Na yule aliyezila fedha zake alipougua huko Rouen, Inyasi alikwenda kwa miguu, bila viatu, kumsaidia.

Mwaka 1529 aliingia katika shule ya Sainte-Barbe, akakaa chumba kimoja na vijana wawili waliozaliwa mwaka 1506, miaka 15 baada yake: Pierre Favre, mtoto wa wachungaji wa kondoo, na Fransisko Saveri. Favre alikuwa mbele sana katika masomo, akapewa kazi ya kumrudishia Inyasi mafundisho ya mwalimu. Mkubwa akawa mwanafunzi wa mdogo. Lakini katika mambo ya roho mdogo alimsikiliza mkubwa, na kila mmoja alimpa mwenzake alichokosa. Fransisko ndiye aliyepeleka Injili Bara Hindi na Japani. Na Favre naye alitangazwa mtakatifu mwaka 2013.

Miaka saba ya Paris ilizaa matunda. Inyasi alipata shahada ya ualimu wa falsafa, akasoma pia teolojia. Tarehe 15 Agosti 1534 yeye na wenzake sita waliweka nadhiri huko Montmartre. Alipewa upadri mwaka 1537, akiwa na miaka 46. Tarehe 27 Septemba 1540 Papa Paulo wa Tatu alilikubali Shirika la Yezu, na mwaka uliofuata wenzake walimchagua Inyasi awe mkuu wao.

Je, mkuu aendelea kuwa mwanafunzi? Mara tu baada ya kuchaguliwa, Inyasi alianza kuwafundisha watu katekismo mjini Roma. Alikuwa na miaka 50, na Kiitalia chake kilikuwa kibovu, kimechanganyika na Kihispania. Kijana mmoja wa shirika, Pedro de Ribadeneira, aliyekuwa na umri wa miaka 14 hivi, alimwambia jambo hilo waziwazi. Inyasi hakumkemea. Alimwomba aandike kila kosa atakalolisikia, kisha amsahihishe. Kijana akaanza kuandika, lakini makosa yalikuwa mengi mno, hata akakata tamaa, akaenda kumwambia. Inyasi akalipokea neno lile kwa upole, akaendelea kumtolea Mungu kile kidogo alichokiweza; na waliomsikia waliguswa mioyo.

Yule aliyeteseka kwa kukosa shule aliwafungulia wengine shule. Mwaka 1551 alianzisha chuo cha Roma, ambamo sarufi na mafundisho ya kikristu yalitolewa bila malipo. Tena akiwa bado hai, wana wa shirika lake walifika katika ufalme wa Kongo, mwaka 1548. Yeye mwenyewe alibaki Roma akiandika sheria za shirika, na kwa miaka mingi alizisoma tena na kuzisahihisha. Alifariki tarehe 31 Julai 1556. Shirika lilikuwa na watu karibu 1,000. Mwaka 1622 alitangazwa mtakatifu pamoja na rafiki yake Fransisko.

Basi, ewe katekumeni mwenye mvi, usiogope benchi la watoto. Samaki hukauka, lakini mtu si samaki. Moyo wenye unyenyekevu hukunjika katika umri wowote. Mtoto akikusahihisha neno, mshukuru. Ukisahau somo la jana, lirudie leo. Na ukiona kwamba umejenga kwa haraka, usione haya kurudi kwenye herufi ya kwanza, kwa maana Inyasi alirudi huko mara mbili.