Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui: Yatima Aliyekuwa Baba wa Wengi

Sifa njema zote ni za Mwenyezi Mungu, na sala na salamu zimfikie Mtume wetu Muhammad, aliyezaliwa hali ya kuwa baba yake amekwisha kufariki, akalelewa na babu yake, kisha na ami yake.

Ama baada ya hayo. Haki za wazazi juu ya watoto wao husomwa sana katika darasa zetu, na hapana Mwislamu asiyezijua. Lakini mapenzi ya baba kwa mwanawe ni jambo tusilolizungumza ila kwa nadra. Wengi wetu hudhani kuwa mapenzi hayo hupimwa kwa wingi wa miaka ambayo mtu amekaa na mwanawe, au kwa wingi wa mali aliyomwachia. Kwa sababu hiyo tumeona tuwakumbushe ndugu zetu habari za Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui, ambaye hakupata kukaa na baba yake, wala hakujaliwa kukaa sana na mwanawe.

Sheikh Al-Amin alizaliwa Mombasa mwaka 1308, nao ni mwaka 1891 wa Kizungu. Baba yake alikuwa Sheikh Ali bin Abdallah Mazrui, mwanachuoni mkubwa wa pwani yetu, aliyesoma Makka kisha akarejea kusomesha. Kwa ajili ya maneno ya dini aliyoyafundisha alitiwa gerezani katika zama za Sayyid Barghash, na hakufunguliwa mpaka Sayyid Barghash alipofariki mwaka 1888. Miaka michache baadaye alipata mtoto huyu, na mwaka 1894 akaitika wito wa Mola wake. Mtoto alikuwa bado mdogo sana, hata hatudhani kuwa aliweza kuikumbuka sauti ya baba yake.

Hapo ndipo pa kuzingatia. Yatima huyu hakuachwa azurure. Jamaa yake, Sheikh Suleiman bin Ali Mazrui, mwanachuoni aliyefikia daraja ya ukadhi, alimchukua akamlea na kumsomesha kama amsomeshavyo mwanawe wa kumzaa. Kisha mtoto akavuka bahari kwenda Unguja, akasoma kwa Sayyid Ahmad bin Sumeyt na kwa Sheikh Abdallah Bakathir. Hivyo baba mmoja alipoondoka, walisimama mahali pake mababa watatu. Wala hawakumlea kwa kumhurumia tu, bali walimlea kwa kumtaka ajue.

Naye alipokuwa mtu mzima hakuisahau deni hiyo. Mwaka 1930 alianza kutoa karatasi yake iitwayo Sahifa, na mwaka 1932 akatoa gazeti la Al-Islah, kwa Kiswahili na Kiarabu. Alikuwa amesoma maandiko ya Sheikh Muhammad Abduh na Sayyid Rashid Ridha wa Misri, akaona kuwa Waislamu wa pwani wamelala, na kwamba watakaoumia kwa usingizi huo ni watoto wao. Basi aliwahimiza watu wawasomeshe watoto, wa kiume na wa kike, elimu ya dini na elimu ya dunia pamoja. Hakudharau kuwaandikia wadogo. Alitunga Hidayatul Atfal kwa ajili yao. Mwanachuoni anayeweza kujadiliana na wakubwa, kisha akainama kumwandikia mtoto wa chuoni, huyo anajua ubaba ni nini.

Mwaka 1932 alifanywa Kadhi wa Mombasa, na mwaka 1937 akawa Kadhi Mkuu wa Kenya. Kazi ya hukumu haikumkatisha kusomesha. Miongoni mwa wanafunzi wake alikuwa Sheikh Muhammad Kassim Mazrui, aliyekuja kuwa Kadhi Mkuu mwaka 1963, na katika miaka ya 1970 akatoa gazeti la Sauti ya Haki kwa kufuata nyayo za mwalimu wake. Sheikh Al-Amin alikuwa ameanza kuifasiri Qur'ani kwa Kiswahili na hakuimaliza. Mwanafunzi huyo ndiye aliyeishughulikia kazi hiyo, na tafsiri ya Al-Faatiha na Al-Baqara ikachapishwa Nairobi mwaka 1980, miaka 33 baada ya kufa mwenyewe. Mtoto wa damu angefanya zaidi ya hayo?

Ama mtoto wa damu naye alikuwako. Mwaka 1933 Sheikh alipata mwana, akampa jina la baba yake ambaye hakumjua, akamwita Ali. Alitamani mwanawe huyu aende Al-Azhar akawe mwanachuoni kama wazee wake. Lakini mwaka 1947 Sheikh Al-Amin alifariki, na Ali ana miaka 14. Yaliyompata baba yakampata na mwana.

Ali hakwenda Al-Azhar. Alisoma Manchester, Columbia na Oxford, akasomesha Makerere na kisha Marekani, akawa Profesa Ali Mazrui ajulikanaye ulimwengu mzima. Wako masheikh wasioafikiana na baadhi ya maneno yake, na hiyo ni haki yao. Lakini mwenye kutazama kwa insafu ataona kuwa mwana alichukua kwa baba kitu kilicho bora kuliko cheo: kusoma sana, kuandika bila ya kuogopa lawama, na kuwaombea haki Waislamu na Waafrika mbele ya wakubwa. Naye akampa mmoja wa wanawe jina la Al-Amin. Alipofariki Marekani mwaka 2014, aliletwa Mombasa akazikwa katika makaburi ya wazee wake, karibu na Ngome ya Yesu.

Ndugu zetu wa Makina, tuyapime haya kwa hali zetu. Wako miongoni mwetu mababa walio hai, na watoto wao ni kama mayatima. Baba hutoka alfajiri kwenda kutafuta riziki, naye hana makosa kwa hilo. Lakini akirudi hamuulizi mwanawe amesoma nini, wala hamjui ustadhi wake kwa sura. Na akifa mmoja wetu, jamaa hukusanyika wakala siku kadha katika mali aliyoiacha, kisha wakatawanyika, na mwaka unaofuata mtoto wa marehemu anafukuzwa shule kwa kukosa ada. Mali ile iliyoliwa ilikuwa ya nani? Kula mali ya yatima ni kula moto, nasi twalijua hilo tangu chuoni.

Kwa hiyo yatupasa mambo mawili. Aliye na mwana akae naye leo, kwani hajui amebakiwa na siku ngapi. Na anayefiwa na jirani yake amshike mkono mtoto aliyebaki, ampeleke chuoni na shule, kama alivyoshikwa mkono mtoto mmoja wa Mombasa mwaka 1894. Huenda huyo ndiye atakayewasomesha wajukuu zetu.

Mwenyezi Mungu awarehemu Sheikh Ali, na Sheikh Al-Amin, na wote waliowalea watoto wasio wao. Amin.