Kaisari Theodosius na Toba Yake

Wasomaji wetu waujua mji wa Thesalonike, kwa kuwa Mtume Paulo aliwaandikia Wakristo wa huko nyaraka mbili. Lakini miaka zaidi ya mia tatu baada ya Paulo yalitendeka katika mji huo mambo mengine, ambayo hayamo katika Biblia, nayo yafaa kujulikana katika sharika zetu. Ni habari za Kaisari Theodosius, ambaye watu wengi humwita Mkuu.

Theodosius alizaliwa mwaka 347 katika nchi ya Hispania. Baba yake alikuwa jemadari hodari wa Warumi, lakini aliuawa kwa amri ya serikali huko Karthago, katika Afrika ya Kaskazini. Na mwana akarudi kwao, akakaa katika mashamba yake. Hakukaa sana. Mwaka 378 Wagothi walilipiga jeshi la Warumi karibu na mji wa Adrianople, hata Kaisari Valens mwenyewe akafa vitani. Ndipo Kaisari Gratianus, aliyetawala upande wa magharibi, alipomwita Theodosius, na tarehe 19 Januari 379 akamweka kuwa kaisari wa upande wa mashariki. Mji wake mkuu ulikuwa Constantinople, ambao leo ni Istanbul katika nchi ya Uturuki. Mwaka 382 alifanya amani na Wagothi, akawapa mahali pa kukaa ndani ya mipaka ya dola.

Siku zile watu wengi walikuwa wakiahirisha ubatizo mpaka uzeeni. Theodosius naye alibatizwa mwaka 380, alipougua sana akiwa Thesalonike. Kanisa lilikuwa limegawanyika kwa ajili ya mafundisho ya Arius, kasisi wa Iskanderia katika Misri, aliyefundisha kwamba Mwana wa Mungu aliumbwa. Mkutano wa Nikea wa mwaka 325 ulikuwa umeyakataa mafundisho hayo, lakini makaisari wengine waliyapenda. Theodosius akasimama upande wa Nikea. Mwaka 381 aliwaita maaskofu wapata 150 wakutane Constantinople, wakaithibitisha imani hiyo. Ungamo tunaloliita la Nikea, jinsi tunavyolikiri sasa, limefungamana na mkutano huo, hasa sehemu yake imhusuyo Roho Mtakatifu. Basi kila usharika unapolikiri, tunavuna katika shamba lililolimwa siku zake.

Lakini tusimsifu kupita kiasi. Mwaka 380 alitoa sheria kuwaamuru watu wote wa milki yake kuifuata imani hiyo. Wafuasi wa Arius wakanyang'anywa makanisa, na katika miaka 391 na 392 alikataza kabisa dhabihu za miungu. Aliitetea kweli, lakini aliitetea kwa nguvu za serikali. Sheria yaweza kufunga mlango wa hekalu la sanamu. Kuufungua moyo wa mtu haiwezi. Ndiyo sababu Ungamo letu la Augsburg la mwaka 1530 lafundisha kwamba mamlaka ya Kanisa na mamlaka ya upanga zisichanganywe.

Sasa tufike kwenye jambo lenyewe. Mwaka 390 jemadari mmoja jina lake Butheric alimtia gerezani mwendesha magari ya farasi aliyependwa sana na watu wa Thesalonike. Watu wakataka afunguliwe, naye akakataa; wakafanya ghasia, wakamwua. Theodosius, ambaye hasira yake ilikuwa nyepesi kuwaka, akaamuru mji uadhibiwe. Askari wakawaangukia watu, wakaua wenye hatia na wasio na hatia pamoja. Theodoret, aliyeandika katika karne iliyofuata, ahesabu waliokufa kuwa 7,000. Yasemwa kwamba kaisari alituma amri ya pili kuitangua ile ya kwanza, lakini ilichelewa.

Wakati huo kaisari alikuwa akikaa Milan katika Italia, na askofu wa huko alikuwa Ambrosius, ambaye zamani alikuwa liwali kabla hajawekwa kuwa askofu mwaka 374. Ambrosius hakumtukana kaisari mbele ya watu, wala hakuwachochea watu wamwasi. Aliondoka mjini, akamwandikia barua ya siri kwa mkono wake mwenyewe. Akamkumbusha Mfalme Daudi, jinsi alivyokemewa na nabii Nathani akatubu; akamwambia wazi kwamba hawezi kumhudumia mezani pa Bwana mpaka atubu.

Theodosius alikuwa na majeshi, na Ambrosius hakuwa na askari hata mmoja. Lakini kaisari alitii. Aliyavua mapambo ya kifalme, akalia kanisani mbele ya watu wote, akiomba msamaha wa Mungu. Wakati wa Krismasi mwaka huo huo akapokewa tena kwenye Meza ya Bwana.

Tena tuseme kweli: Ambrosius naye hakuwa sawa sikuzote. Mwaka 388 Wakristo wa Callinicum, karibu na mto Frati, waliteketeza sinagogi la Wayahudi. Kaisari aliamuru askofu wa huko alijenge upya, na hukumu hiyo ilikuwa ya haki; lakini Ambrosius alimshurutisha aiache. Hivyo twajifunza kwamba mchungaji amkemeaye mkubwa sharti ajipime kwanza, kama asimamia haki ya Mungu au upande wa watu wake tu.

Mwaka 394 Theodosius alimshinda Eugenius, aliyejifanya kaisari wa magharibi, akaitawala dola yote peke yake. Hakuifurahia muda mrefu. Alikufa Milan tarehe 17 Januari 395, hajatimiza miaka hamsini, na Ambrosius akahubiri katika maombolezo yake. Wanawe wawili wakagawana dola, Arcadius mashariki na Honorius magharibi. Wala haikurudi tena kuwa chini ya mtu mmoja kama ilivyokuwa kwake.

Ndugu zetu waalimu na wazee wa sharika, sisi wachungaji twakiri kwamba mara nyingine tumekuwa wepesi kumrudi mjane maskini, na wazito kumwendea tajiri atoaye sadaka nyingi. Meza ya Bwana ni moja. Akianguka mkubwa, tusimwaibishe njiani, wala tusimnyamazie. Tumwendee kwa siri, kwa upendo na kwa neno lililo wazi. Na sisi tukikemewa kwa haki, tusitazame udogo wa mtu atukemeaye. Theodosius hakuutazama, akapata kurudi mezani.