Haydn: Mtunzi aliyefungwa na mkataba, akavuka mipaka kwa simfoni

MWAKA 1761 Joseph Haydn alitia saini mkataba uliompa mshahara wa gulden 400 kwa mwaka, lakini ukamnyima mali yake. Kila alichotunga kilikuwa cha bwana wake, mwanamfalme Paul Anton Esterházy. Hakuruhusiwa kutoa nakala wala kumtungia mtu mwingine bila idhini.

Haydn alizaliwa Machi 31, 1732, katika kijiji cha Rohrau, Austria, mtoto wa fundi wa magurudumu. Alilelewa katika kwaya ya Kanisa Kuu la Mtakatifu Stefano, Vienna, na sauti ilipovunjika akaachishwa. Kwa mtu aliyeonja njaa, mkataba ule ulikuwa nafuu.

Paul Anton alifariki mwaka 1762 na mdogo wake, Nikolaus, akamrithi. Haydn akamtumikia kwa miaka 28, muda mwingi katika kasri la Eszterháza, Hungary. Upweke wa huko ulimfunza. Alikuwa na okestra ya kila siku, mwanzoni wanamuziki wapatao 15 tu, hivyo alijaribu jambo leo na kulirekebisha kesho. Simfoni zake zikatoka kwenye burudani ya wageni zikawa tungo nzito. Katika simfoni namba 45 ya mwaka 1772, wanamuziki huondoka jukwaani mmoja mmoja, ishara kwa bwana kwamba wamewakumbuka wake na watoto.

Mwaka 1779 mkataba mpya ulifuta kizuizi. Haydn akaanza kuwauzia wachapishaji wa Vienna, London na Paris, wakati mwingine tungo moja kwa zaidi ya mnunuzi mmoja, jambo lililomletea ugomvi. Paris nako kazi za watu wengine ziliuzwa kwa jina lake. Hata hivyo, soko hilo lilimwagiza simfoni sita, alizozitunga mwaka 1785 na 1786 kwa okestra kubwa kuliko yake.

Nikolaus alipofariki mwaka 1790, Haydn, akiwa na miaka 58, alikubali mwaliko wa mwandaaji wa maonyesho Johann Peter Salomon kwenda London. Safari mbili zilizaa simfoni 12, za mwisho maishani mwake. Ya mwisho kabisa, namba 104, ilipigwa Mei 4, 1795, mbele ya hadhira iliyolipa kiingilio. Usiku huo mmoja ulimwingizia gulden 4,000, mara kumi ya mshahara wa mwaka mzima katika mkataba wa kwanza.

Haydn alifariki Vienna, Mei 31, 1809.