Tippo-Tip: mgeni aliyejiita mjukuu wa Maniema

Kule Kasongo na Kabambare jina la Tippo-Tip halijafa. Wengine wanalitaja kwa hasira, juu ya babu zao waliofungwa kamba shingoni. Wengine wanalitaja kwa majivuno, juu ya dini, mchele na lugha. Na siku watu wakigombana juu ya shamba ao juu ya shimo la zahabu, tunasikia jina lile linageuka tusi: mtu aliyezaliwa hapa, na baba yake akazaliwa hapa, anaambiwa arudi Zanzibar. Kwa sababu hiyo tumeona ni vema leo tueleze maisha ya yule bwana, tangu mwanzo mpaka mwisho, ili kila mmoja ajue anataja nini.

Jina lake la kweli ni Hamed bin Muhammed el Murjebi. Alizaliwa Unguja karibu na mwaka 1837. Ukoo wake ulitoka Oman, lakini damu ya bara ilikuwa imekwisha kuingia ndani yake, na yeye mwenyewe alikuwa mtu mweusi sawa sisi. Baba yake alikuwa mfanyabiashara wa msafara mwenye makao Tabora, na kule alioa binti ya Fundikira, sultani wa Wanyamwezi. Basi kijana Hamed alijua mapema kwamba katika bara bunduki zinafungua njia, lakini ndoa na undugu zinaifungua zaidi.

Alipopata miaka kama 18 hivi, alianza kusafiri pamoja na baba yake mpaka Tabora na Ujiji. Kisha akajitegemea. Alikopa mali Unguja, nguo na shanga na bunduki, akaingia bara kutafuta pembe za ndovu. Mwaka 1867 alipigana na Nsama, sultani mkali wa Itabwa, kati ya ziwa Tanganyika na ziwa Mweru. Alimshinda, akachukua pembe mingi sana, na jina lake likatangulia mbele yake njiani. Kuhusu jina la Tippo-Tip, wengine wanasema ni juu ya macho yake yaliyokuwa yanapepesa kila mara. Yeye mwenyewe alieleza kwamba ni mlio wa bunduki zake.

Sasa tufike kwetu. Alipokaribia inchi ya Utetera, alipata habari kwamba sultani wa kule, mzee Kasongo Rushie, alikuwa na dada wawili waliotekwa zamani katika vita na hawakurudi tena. Tippo-Tip akaishika habari hiyo. Akatuma neno kwamba mmoja wa wale dada ndiye bibi yake, na kwamba yeye ni mjukuu anarudi nyumbani. Mzee aliamini, ao alitaka kuamini. Akampokea kwa furaha, akampa utawala, na pembe zote zikaanza kuletwa kwake. Maneno hayo hayakuzushwa na adui zake; yeye mwenyewe aliyasimulia katika uzee wake bila haya. Tuangalie vizuri: mtu huyu hakuingia kwa kusema yeye ni mgeni mkubwa. Aliingia kwa kusema yeye ni mtoto wa hapa.

Wakati ule Waswahili na Waarabu wengine walikuwa wamekwisha kukaa Nyangwe, kwenye mto Lualaba. Kule, tarehe 15 Julai 1871, watu wa bunduki walipiga risasi katikati ya soko, na mamia ya watu, wengi wao wanawake, wakafa kwa risasi na kwa maji. Mzungu Livingstone alikuwa pale akaona kwa macho yake. Tippo-Tip alifika Nyangwe mwaka 1874, lakini hakutaka kukaa chini ya wengine, akachagua Kasongo. Ile Kasongo ya kwanza siyo mji wa leo, ni kule tunakoita Tongoni. Ndugu yake, Bwana Nzige, akawa mkubwa kule Kabambare, penye njia ya kutoka Ujiji. Hivi misafara yote ya Maniema ilipita mikononi mwa jamaa moja.

Mwaka 1876 Stanley alifika akitaka kufuata mto mpaka mwisho wake. Alimwahidi Tippo-Tip dola 5000 ili amsindikize. Wakatoka Nyangwe mwezi wa Novemba, wakapita msitu mzito, na kabla ya mwisho wa mwaka Tippo-Tip akarudi. Stanley akaendelea mpaka bahari ya magharibi. Siku ile hakuna aliyejua kwamba njia ile mpya njo itaua njia ya zamani.

Maana kazi yote ilikuwa njia. Pembe ilibebwa begani, mzigo wa frasila mbili, kama kilo 32, miezi na miezi mpaka pwani. Aliyebeba alikuwa mpagazi wa kulipwa, ao mtumwa wa kuuzwa pamoja na mzigo wake. Vijiji vilivyokataa vilichomwa. Watu wakawaita wale wavamizi Matambatamba. Na tuseme kweli yote: wengi kati yao hawakutoka Unguja. Walikuwa vijana wa hapa waliotekwa wadogo, wakapewa bunduki, wakageuka wawindaji wa ndugu zao. Ngongo Lutete, aliyeogopwa kupita Waarabu wengi, alikuwa mtoto wa inchi hii.

Lakini ni kweli pia kwamba Kasongo ilikua. Wazungu walioiona walishangaa juu ya mashamba ya mchele na mahindi, na miti ya machungwa, mapera na maembe. Mchele tunaokula leo Maniema ulifika na wale watu. Mikono iliyolima mashamba yale ilikuwa ya watumwa.

Mwaka 1887 Stanley alimkuta tena Tippo-Tip, mara hii kule Unguja. Mfalme Leopold wa Ubelgiji alikuwa amejitangaza mwenye Kongo nzima. Akampa Tippo-Tip kazi ya wali wa Stanley Falls, pale Kisangani, kwa mshahara wa pauni 30 kwa mwezi. Akazunguka Afrika kwa meli mpaka Banana, akapanda mto, akasimamisha bendera ya Leta. Wenzake walimlaumu kwamba amejiuza. Sisi tunaona alikuwa amefahamu kitu ambacho wao hawakufahamu: nguvu zimehama. Leta ilitaka pembe zishuke kwa mto upande wa magharibi, siyo zipande tena Unguja. Watu wawili hawawezi kula pembe moja.

Mwaka 1890 aliondoka. Stanley alikuwa amemshitaki kule Unguja juu ya wapagazi wa safari ya Emin Pasha, mashitaka yaliyokufa baadaye. Hakurudi Maniema tena. Mtoto wake Sefu alibaki Kasongo, na mwaka 1892 vita ikalipuka. Ngongo Lutete akahamia upande wa Leta. Jemadari Dhanis akateka Nyangwe mwezi wa Machi 1893, na Kasongo tarehe 22 Aprili. Sefu alikufa vitani mwaka uleule. Kabambare ilianguka Januari 1894. Na Ngongo Lutete, aliyewasaidia wazungu kushinda? Maofisa wa Leta walimhukumu na kumpiga risasi, Septemba 1893.

Tippo-Tip alikaa Unguja katika nyumba yake na mashamba yake. Aliandika habari za maisha yake kwa Kiswahili, kwa herufi za Kiarabu, na Mjerumani Heinrich Brode akazipiga chapa. Alikufa mwezi wa Juni 1905.

Na waliobaki? Wachache walikuwa watoto wa wageni wa pwani na mama wa hapa. Walio wengi walikuwa Wakusu, Wazimba, Wazula, Wabangubangu, waliovaa kanzu, wakaswali, wakasema Kiswahili, wakaitwa Wangwana. Wabelgiji waliwaita Waarabu na kuwaogopa miaka mingi. Lakini ukiuliza bibi zao, utafika kijiji cha jirani.

Tena tusisahau wale waliokwenda upande mwingine. Wapagazi na watumwa wa Maniema walibaki Ujiji, Tabora, Bujumbura, hata Dar es Salaam, na kule Kariakoo uko msikiti unaoitwa wa Manyema. Wajukuu zao wako wageni ao wenyeji? Jibu tunalotaka wapewe wao kule, tuwape vilevile jirani zetu hapa.

Mwishowe neno moja kwenu wachimbaji, mliofanya kazi ya kasiterite Kalima na Punia, na ninyi wa zahabu ya Namoya na Salamabila. Tippo-Tip iko na kitabu, Stanley iko na vitabu, Dhanis alipewa cheo cha baron. Waliobeba pembe hawana hata jina moja lililoandikwa. Hesabu yao ilikuwa mizigo tu. Basi mkigombana juu ya shimo, msiulizane babu ya nani alitoka wapi. Ulizeni mzigo unakwenda wapi, nani anaupima, na nini kinabaki Kabambare. Swali hilo, tangu siku za Tongoni, watu wa bunduki hawakupenda liulizwe.